Si Kila Asiye na Miguu ni Nyoka

Mvua zikianza, sote tunashika majembe. Wengi wetu hapa Nyasho tunalala mjini Musoma, lakini mashamba yetu yako nje ya mji. Tunafyeka, tunalima, tunapanda. Wakati wa kuvuna viazi vitamu tunafukua matuta kwa mikono. Siku hizo ndipo tunapokutana na wanyama wanaoishi chini ya udongo. Baadhi yao hawana miguu. Tukiwaona tunapiga kelele: "Nyoka!"

Leo nataka tuzungumze juu ya wanyama hao. Nitaanza na habari za wagonjwa wawili.

Mama na mjusi

Asubuhi moja mama mmoja aliletwa zahanati kwa pikipiki. Mguu wake ulikuwa umefungwa mpira wa baiskeli chini ya goti. Mpira ulikuwa umekazwa sana. Kwenye kifundo alikuwa amechanjwa kwa wembe, chale saba. Mguu ulikuwa umevimba, umepoa, na rangi yake imebadilika.

"Mama, umepatwa na nini?" nilimwuliza.

"Nyoka, daktari. Mdogo, mweusi, anang'aa. Nilimpiga jembe, mkia ukakatika."

"Mkia ulikatika?"

"Ndiyo. Mkia ukabaki unarukaruka. Mwenyewe akazama udongoni."

"Alikuuma mahali gani?"

Mama alifikiri kidogo. "Sijui, daktari. Nilisikia kitu cha baridi kinanipita juu ya mguu. Nikapiga kelele, watu wakaja wakanifunga."

Tuliutazama mguu ule vizuri. Hapakuwa na alama hata moja ya jino. Palikuwa na majeraha ya wembe tu. Baada ya kumpima tulifungua mpira taratibu, tukasafisha majeraha, tukampa chanjo ya pepopunda. Tulimlaza ili tumwangalie. Mguu ulirudi hali yake, lakini majeraha yalichukua majuma matatu kupona. Majuma hayo matatu hakushika jembe, na mvua haikumsubiri.

Mnyama yule alikuwa mjusi. Hakumdhuru mama. Waliomdhuru ni mpira na wembe.

Kijana na nyoka

Miezi michache baadaye akaja kijana wa miaka kama 15. Yeye alikuwa amesikia kwamba kuna mijusi wasio na miguu, na kwamba hawana sumu. Akiwa shambani na wenzake alifukua mnyama mdogo mweusi anayeng'aa. Akamshika nyuma ya kichwa ili awaonyeshe wenzake. Akasema, "Huyu ni mjusi wa ardhini, hana neno."

Palepale mnyama alimchoma kidole. Maumivu yalikuwa makali. Mkono ulivimba mpaka kwenye kiwiko. Siku zilizofuata kidole kilitoa malengelenge, na ncha yake ikawa nyeusi. Alipelekwa hospitali. Alipona, lakini kidole kile hakikunji tena.

Yule alikuwa nyoka wa kweli, mwenye sumu.

Ndugu msomaji, tazama habari hizi mbili. Mama alimwogopa mjusi. Kijana alimdharau nyoka. Wote wawili waliumia. Kwa hiyo tujifunze tofauti za wanyama hawa, tena tujifunze jinsi ya kuutumia ujuzi huo bila kujiumiza.

Mjusi asiye na miguu ni nani?

Mijusi tunawajua. Yuko yule wa ukutani anayekula wadudu karibu na taa. Yuko yule anayeota jua juu ya mawe yetu makubwa hapa Musoma. Wote hao wana miguu minne.

Lakini wako mijusi wengine ambao miguu yao imetoweka kabisa, au imebaki midogo mno hata haionekani vizuri. Mnyama anayeishi chini ya udongo au katika majani marefu hupita kwa urahisi zaidi akiwa mwembamba na laini. Miguu humzuia njiani. Kwa muda mrefu sana, kizazi baada ya kizazi, miguu ya mijusi hao ilipungua mpaka ikaisha.

Nchini Tanzania tunao. Wako mijusi weusi wanaong'aa ambao wataalamu huwaita Melanoseps. Wanaishi ndani ya udongo laini, chini ya magogo, na chini ya majani yaliyooza. Urefu wao ni kama shibiri moja. Aina nyingi za mijusi hao zinapatikana katika nchi yetu. Aina moja yenye mkia mrefu inapatikana kaskazini mwa Tanzania na kusini mwa Kenya. Chakula chao ni mchwa, mabuu na wadudu wengine wa udongoni. Basi mjusi huyu si adui wa mkulima.

Wako pia wengine wanaofanana na nyungunyungu. Hao nao ni jamii ya mijusi. Mkia wao ni butu kama kichwa, kwa hiyo watu husema ni "nyoka wa vichwa viwili". Kichwa ni kimoja tu.

Zamani kusini mwa nchi yetu aliishi mtu aliyeitwa Ionides. Alizaliwa mwaka 1901, akafa mwaka 1968. Alikuwa mlinzi wa wanyamapori, kisha akawa mkamataji maarufu wa nyoka, hata watu wakamwita Bwana Nyoka. Wataalamu walimpa heshima kwa kumwita mnyama mmoja wa kusini kwa jina lake. Mnyama huyo hana miguu, anaishi udongoni, lakini si nyoka. Ni mmoja wa hao mijusi wanaofanana na nyungunyungu.

Kukosa miguu peke yake hakutoshi

Pengine utasema: "Mnyama asiye na miguu atakosaje kuwa nyoka?" Hebu mfikirie chatu. Chatu ni nyoka kweli. Lakini ukimchunguza chatu aliyekufa utaona makucha mawili madogo karibu na tundu la haja, moja kila upande. Hayo ni mabaki ya miguu ya nyuma. Maana yake ni kwamba mababu wa nyoka nao walikuwa na miguu.

Kwa hiyo nyoka mmoja anaweza kuwa na mabaki ya miguu, na mjusi mwingine akawa hana mguu hata mmoja. Tofauti zao ziko mahali pengine.

Tofauti zenyewe

1. *Macho.* Mijusi wengi wana kope. Hufumba na kufumbua macho kama sisi. Nyoka hana kope. Jicho lake limefunikwa na gamba linalopitisha mwanga kama kioo. Ndiyo maana nyoka anaonekana kama anakukazia macho saa zote, hata akiwa amelala.

2. *Masikio.* Mijusi wengi wana tundu dogo la sikio nyuma ya jicho. Nyoka hana tundu la sikio kwa nje.

3. *Mkia.* Mkia huanza kwenye tundu la haja. Nyoka ana kiwiliwili kirefu na mkia mfupi. Mijusi wengi wasio na miguu wana mkia mrefu zaidi ukilinganisha na mwili wao. Tena mjusi akishikwa anaweza kuuacha mkia wake ukirukaruka, ili adui autazame huo wakati yeye anakimbia. Baadaye mkia mwingine huota. Mkia wa nyoka ukikatwa hauoti tena.

4. *Magamba ya tumboni.* Nyoka wengi wana magamba mapana tumboni, yaliyopangwa mstari mmoja kama ngazi. Mjusi hana ngazi hiyo. Magamba yake ya tumboni ni madogo, yamefanana na yale ya ubavuni.

5. *Mdomo na ulimi.* Nyoka anaweza kupanua mdomo sana na kumeza mnyama mnene kuliko kichwa chake. Mjusi hawezi. Ulimi wa nyoka ni mrefu na una panda mbili ndefu. Ulimi wa mijusi hawa ni mfupi na mpana, na ncha yake imechanika kidogo tu.

6. *Sumu.* Mijusi wetu wasio na miguu hawana meno ya sumu. Hata akikung'ata, hana sumu ya kukudhuru.

Lakini tahadhari

Ukisoma tofauti hizi unaweza kusema: "Sasa nimeelimika, nitawatambua." Subiri kidogo, ndugu yangu.

Ishara za kope na masikio zinafaa sana kwa mijusi wasio na miguu wa Ulaya na Marekani. Wale wanaishi zaidi juu ya ardhi. Mijusi wetu wa udongoni ni wagumu zaidi kutambua. Macho yao ni madogo kama kichwa cha sindano. Masikio yao yamefichika, maana tundu lililo wazi lingejaa udongo. Ukiwa umeinama kwenye tuta, huwezi kuziona ishara hizo. Ili uzione ni lazima umshike na umsogeze karibu na uso wako.

Hata magamba ya tumboni hayatoshi. Wako nyoka wadogo vipofu wanaofanana na nyungunyungu, ambao magamba yao ni madogo mwili mzima. Hao ni nyoka lakini hawana madhara kwa mtu.

Tena yuko nyoka mwingine wa udongoni ambaye ni hatari. Ni yule aliyemchoma kijana. Ni mdogo, mara nyingi mwembamba kama kidole. Ni mweusi au wa kahawia, anang'aa. Kichwa chake ni kidogo, hakipishani na shingo. Mkia wake ni mfupi na unaishia na mwiba mdogo. Kwa sura anafanana sana na mjusi asiye na miguu.

Meno yake ya sumu ni marefu, na hutoka pembeni mwa mdomo hata mdomo ukiwa umefumbwa. Nyoka wengine wakishikwa vizuri nyuma ya kichwa hawawezi kuuma. Huyu hugeuza kichwa kidogo tu na kukuchoma kwa pembeni. Hakuna namna salama ya kumshika kwa mkono. Na dawa za sumu ya nyoka zinazotumika kwa kawaida hazifanyi kazi kwa sumu yake. Hospitalini mgonjwa hutibiwa maumivu, uvimbe na kidonda.

Basi kanuni ni moja: Tofautisha kwa macho, usitofautishe kwa mkono. Ukimwona mnyama asiye na miguu akiwa hai, mwache apite. Ikiwa ni mjusi, umemwacha rafiki wa shamba lako. Ikiwa ni nyoka, umeokoa kidole chako. Ukimkuta amekufa, mgeuze kwa kijiti kirefu, usimguse. Nyoka aliyekufa karibuni bado anaweza kuuma.

Ukiumwa, usipoteze wakati kubishana

Mtu akiumwa na mnyama asiye na miguu, tusianze kubishana kama ni mjusi au nyoka. Mchukulie kama ameumwa na nyoka, umpeleke zahanati, kituo cha afya au hospitali. Kazi ya kupima ni ya wahudumu wa afya. Fanya hivi:

1. Ondokeni mahali alipo mnyama. Msimfuate kumwua. Wengi wameumwa wakati wa kumtafuta.
2. Mtulize mgonjwa. Mweleze kwamba mara nyingi nyoka huuma bila kutia sumu.
3. Vua pete, bangili, saa na viatu kabla ya uvimbe kuanza.
4. Asitembee wala kukimbia. Fungia mguu au mkono ulioumwa kwenye ubao au fimbo iliyonyooka, kama tunavyofanya kwa mfupa uliovunjika. Usikaze.
5. Mbebe kwa machela, gari au pikipiki. Akipanda pikipiki, mtu mwingine akae nyuma amshike.
6. Akitapika au akilegea, mlaze kwa ubavu wa kushoto ili asipaliwe.
7. Kumbuka saa aliyoumwa na jinsi mnyama alivyoonekana. Utatueleza.

Usifanye haya:

1. Usifunge kamba au mpira wa kukaza. Damu isipopita, nyama hufa, na mguu unaweza kukatwa.
2. Usichanje kwa wembe. Sumu nyingine huzuia damu kuganda, na mgonjwa anaweza kutokwa damu bila kukoma.
3. Usinyonye sumu kwa mdomo.
4. Usimpe pombe, wala usimwagie jeraha mafuta ya taa.

Nyoka akikutemea mate machoni, kama afanyavyo swila, osha macho kwa maji mengi safi, kisha uende zahanati. Usipikiche.

Zipo ishara zinazoonyesha kwamba sumu imeingia. Uvimbe unapanda. Kope zinalegea na kuanguka. Mgonjwa anashindwa kumeza au kupumua. Fizi zinatoka damu. Ukiona ishara hizo, kila dakika ina thamani. Lakini usizisubiri ndipo uanze safari. Hata asiye na ishara aangaliwe siku nzima, maana sumu nyingine huchelewa.

Kwa nini wengine hupona kwa jiwe na mizizi?

Mzee mmoja aliniuliza: "Mwanangu, mbona mimi niliwekewa jiwe jeusi nikapona?" Ni swali zuri, nami nilimjibu kwa heshima.

Nilimwambia: "Mzee wangu, wengi wanaoumwa huumwa na nyoka wasio na sumu. Wengine huumwa na nyoka mwenye sumu ambaye hakutoa sumu siku hiyo. Na wengine wamegusana na mjusi tu. Hao wote watapona hata wasipotibiwa. Mtu akiwawekea jiwe, jiwe litasifiwa. Lakini siku akija aliyeumwa na koboko au kifutu, jiwe litampotezea saa zake."

Mzee alicheka, akasema: "Kumbe huenda niliumwa na mjusi miaka yote hii ninajisifu!"

Jambo hili si dogo. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani liliweka sumu ya nyoka katika orodha ya magonjwa ya nchi za joto yaliyosahauliwa. Shirika hilo linakadiria kuwa kila mwaka watu zaidi ya milioni 5 duniani huumwa na nyoka. Wanaokufa ni kati ya 81,000 na 138,000. Wanaokatwa viungo au kubaki na vilema ni mara tatu ya hao wanaokufa. Wengi wao ni wakulima, wafugaji na watoto wa vijijini. Ni watu kama wewe na mimi.

Tujikinge

Wazee wanaikumbuka kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Ilitufundisha kufyeka majani kuzunguka nyumba. Fundisho hilo bado lina kazi, maana nyoka hapendi mahali pa wazi.

Vaa viatu vya mpira unapolima. Fukua tuta kwa jembe kwanza, mkono ufuate. Usiingize mkono kwenye shimo, kichuguu au chini ya jiwe. Usiku tembea na tochi. Weka nafaka mahali pasipofikiwa na panya, kwa sababu panya huwaita nyoka. Lala kitandani, uchomeke chandarua vizuri chini ya godoro. Chandarua kinazuia mbu, na nyoka pia.

Wafundishe watoto kanuni ile: tazama kwa macho, usiguse kwa mkono.

Yule mama wa kwanza nilikutana naye tena sokoni akiuza viazi. Aliniambia: "Daktari, juzi nimemwona tena yule mweusi. Nikamwacha akazama. Sikumpiga wala sikumshika."

"Alikuwa mjusi au nyoka?" nikamwuliza.

"Sijui," akasema. "Nami sikuinama kumwuliza."

Huyo amehitimu.

Maswali ya kujadili darasani

1. Taja tofauti nne kati ya mjusi asiye na miguu na nyoka.
2. Kwa nini ni vigumu kutumia macho na masikio kuwatambua mijusi wa udongoni?
3. Mama aliumizwa na nini? Kijana aliumizwa na nini?
4. Katika kijiji chenu mnyama huyu anaitwaje kwa lugha ya nyumbani? Watu husema nini juu yake?
5. Mtu akiumwa na nyoka usiku katika mtaa wenu, mtampelekaje zahanati? Pangeni sasa, kabla siku hiyo haijafika.